Naandika riwaya ya kachero wa Mwanza mwenye kisasi, nimekwama kwenye chimbuko lake

Kalamu ya Kitangiri (mleta mada)

Wakuu, habari za jioni. Umeme umekatika, simu ina chaji asilimia 31, kwa hiyo salamu ziwe fupi tuingie kwenye mada.

Huu ni mwaka wa pili naandika riwaya ya ujasusi. Shujaa wangu ni kachero wa kupambana na magaidi, mzaliwa wa hapa hapa Mwanza, mtu wa visasi. Ngumi ninazo za kutosha. Kukimbizana kupo, kuanzia stendi ya Nyegezi mpaka kivuko cha Kamanga. Hata mwisho ninao. Nisichonacho ni ile siku iliyomharibu. Kila mlipa kisasi ana siku yake, na msomaji asipoiamini siku hiyo, kurasa 300 zinazofuata ni kelele za risasi tu.

Niseme nilikoanzia. Wengi wenu mliona ile filamu ya 2017 ya Mmarekani anayeitwa Mitch Rapp. Mimi niliiona Kirumba kwenye kibanda cha video, imetafsiriwa, mtafsiri anamwita jamaa "Michi" mwanzo mwisho. Kijana yuko ufukweni Hispania, anamvisha mchumba pete, anakwenda kuchukua vinywaji, kugeuka tu, magaidi wanamimina risasi. Kibanda kizima kimya. Basi, keshapata ruhusa ya kuua filamu nzima na sisi tunamshangilia.

Baadaye nikasoma vitabu vyenyewe, vya Vince Flynn, nikakuta huko hakuna ufukwe. Mpenzi wa Rapp alikufa kwenye ndege ya Pan Am iliyolipuliwa angani juu ya mji wa Lockerbie, Uskochi, tarehe 21 Desemba 1988. Hilo ni tukio la kweli: watu 270, wakiwemo wanafunzi 35 wa Chuo Kikuu cha Syracuse, na Rapp naye kafanywa mwanafunzi wa chuo hicho hicho. Yaani mwandishi hakubuni msiba. Aliingia kwenye matanga yaliyokuwepo, akavuta mkeka akaketi. Halafu angalia hili: Rapp alianza kuonekana vitabuni mwaka 1999, lakini kisa kamili cha alivyoanza kilitoka 2010. Miaka 11 mtu anaua, ndipo tunasimuliwa kwa nini.

Nikasema na mimi nitaiga. Nikampa kijana wangu mchumba, nikamlipua mchumba kwa bomu pale Makoroboi, saa nne asubuhi, watu wamejaa. Nikasoma nilichoandika nikaona haya. Mtu wa Mwanza atauliza: bomu gani, lini, mbona sikulisikia? Sisi tumezika sana hapa, lakini aliyetuzikisha ni maji.

Ndipo MV Bukoba, ile meli ya abiria ya Ziwa Victoria, iliponijia. Ilitoka Bukoba usiku, ikapitia Kemondo, na asubuhi ya tarehe 21 Mei 1996, Mwanza ikiwa karibu kabisa, ikapinduka. Uwezo wake ulikuwa abiria 430. Orodha ya daraja la kwanza na la pili peke yake ilikuwa na majina 443. Daraja la tatu halikuwa na orodha. Ndiyo maana mpaka leo ukiuliza walikufa wangapi unapewa makadirio: mia nane na kitu, wengine wanakwambia elfu.

Sasa subirini. Ndani ya meli hiyo hiyo alikuwemo Abu Ubaidah al-Banshiri, Mmisri, mkuu wa kijeshi wa al-Qaeda, mtu wa juu kabisa baada ya bin Laden. Naye alizama.

Kwa hiyo kijana wangu ana miaka 9, mama yake kafa melini. Anakua hana wa kumlaumu. Miaka mingi baadaye, keshakuwa kachero, anafungua faili na kukuta kwamba mtu ambaye angestahili kumwinda alikunywa maji yale yale na mama yake. Adui na mama kaburi moja. Nilipofika hapo kalamu ikagoma. Huyu anamlipizia nani kisasi? Naombeni mawazo. Matusi pia napokea.

Chai Rangi

Mkuu, hii chai, tena haina hata tangawizi. Mtu wa bin Laden azame hapa kwetu, halafu miaka yote hii sisi tunasikia habari za kujaza abiria tu? Tupunguzie.

Kalamu ya Kitangiri

Si chai. Iliposikilizwa kule New York, mwaka 2001, kesi ya mabomu ya balozi za Marekani za Nairobi na Dar, habari ya kuzama kwake ilielezwa mahakamani, na shemeji yake aliyekuwa naye melini akanusurika alikuwa mmoja wa walioieleza. Ripoti ya tume ya Marekani ya mwaka 2004 kuhusu Septemba 11 nayo inamtaja. Wenzake wenyewe hawakuamini upesi. Walitumwa watu waje ziwani kuhakikisha kama kweli kafa, mmoja wao Fazul Abdullah Mohammed, yule Mkomoro ambaye baadaye jina lake likaja kwenye bomu la Nairobi. Hebu fikiria: ndugu wanazunguka Mwanza kutafuta maiti zao, na hao nao wamo humo humo, wanatafuta maiti yao. Nafasi yake akaichukua Mohammed Atef. Miaka miwili ikapita, tarehe 7 Agosti 1998, Nairobi na Dar zikalipuka asubuhi moja.

Chai Rangi

Nafuta kauli. Naleta kigoda.

Msomaji Sugu

Mleta mada, swali lako linanirudisha mbali kidogo. Sisi tuliokulia kwenye vitabu vya karatasi ya kahawia tulikuwa na Willy Gamba wa Elvis Musiba. Sasa nikumbushe: nani alimfia Willy Gamba hata akawa vile? Hakuna. Tunakutana naye yuko kazini tayari, suti imenyooka, kinywaji mkononi, na adui yake ni makaburu na vibaraka wao. Hakuhitaji mchumba wa kuzikwa, kwa sababu kisasi kilikuwa cha bara zima. Kumbuka Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika (OAU) ilikuwa na makao makuu Dar es Salaam kuanzia 1963 mpaka 1994. Msomaji wa wakati ule alikuwa anapishana na wapigania uhuru mtaani. Ukimwambia "makaburu" tu, chimbuko limekwisha, fungua sura ya pili.

Hiki cha mtu mmoja na kidonda chake kimekuja pale ambapo hatuna tena kitu kikubwa cha kumchukia kwa pamoja. Sisemi ni kibaya. Nasema usikichukue kama nguo ya dukani, ukakuta mikono mirefu.

Mstaafu wa Pasiansi

Vijana, hamjambo. Mimi si mtu wa riwaya, mjukuu wangu ndiye aliyenionyesha huu uzi.

Nimefanya kazi ya upelelezi miaka mingi, sitasema wapi. Niwaambie jambo moja: huyo kijana wako hapati kazi. Mtu akiomba nafasi kama hizo anafanyiwa upekuzi. Wanakwenda mtaani kwake, shuleni, kwa balozi wa nyumba kumi, kwa mwanamke aliyemkopesha mkaa. Wakisikia "huyu tangu mama yake afe ana hasira na dunia", faili linafungwa hapo hapo. Si kwamba hawamwonei huruma. Mwenye kisasi ana haraka, na kazi yenyewe ni kukaa. Unakaa kwenye gari. Unakaa kwa mama ntilie mpaka anakuzoea. Unasoma risiti za mtu hata hujamwona sura. Halafu siku ukimpata unamtaka hai, maana aliyekufa hasemi wenzake wako wapi. Mwenye kisasi atakuletea maiti na kukuomba pongezi.

Mnaijua kesi ya Ahmed Ghailani, yule wa Zanzibar aliyeshtakiwa kwa hayo mabomu ya balozi? Alikamatwa Pakistan mwaka 2004, akapitishwa kwenye magereza ya siri ya CIA, akapelekwa Guantánamo, kesi yake ikasikilizwa New York 2010. Mashtaka zaidi ya 280. Shahidi mkubwa, mtu aliyedaiwa kumuuzia baruti, jaji akamkataa, kwa sababu jina lake lilipatikana kwa mahojiano ya kulazimisha. Baraza la wazee wa mahakama likamtia hatiani kwa kosa moja. Moja! Kafungwa maisha kwa hilo, ndiyo, lakini ulikuwa umebaki uzi mwembamba aondoke. Hasira ya waliomhoji ndiyo iliyokaribia kumtoa. Na waliomshikilia ni nani? Watu wa kawaida wa Dar waliouza lori na mitungi ya gesi, wakakumbuka.

Andika hilo kama unaweza. Najua halina mlio wa bunduki.

Kalamu ya Kitangiri

Shikamoo mzee. Umenivunjia nyumba nzima na bado nakushukuru.

Mstaafu wa Pasiansi

Marahaba. Nyumba haikuwa na msingi.

Odhis wa Dunga

Majirani, salamu kutoka Kisumu. Naona mnaongea juu ya Agosti 7 kama kitu cha vitabu, wacha niongeze kitu kimoja tu.

Nairobi walikufa 213. Lakini kuna wale wengine ambao watu husahau, waliopoteza macho. Kulikuwa na mlipuko mdogo kwanza, wa guruneti, hapo langoni. Watu kwa maofisi ya karibu wakaskia, wakaenda kwa dirisha waone ni nini. Ndio ile kubwa ikaja, na vioo vyote vikawaingia usoni. Yaani kilichowaponza ni kutaka kujua, kitu chenye kila mtu ako nacho.

Kama mimi ndiye nilikuwa naandika, shujaa wangu angekuwa yule mwenye hakuenda kwa dirisha. Alikuwa mvivu siku hiyo, ama simu ya mezani ililia akarudi kuichukua. Wenzake sita wakaenda. Huyo hana kisasi hivi hivi bana, ako na deni. Na deni ni mbaya kuliko hasira, kwa sababu hasira huisha.

Halafu usisahau Kampala, hiyo pia ni ziwa letu. Julai 11, 2010, watu wanatazama fainali ya Kombe la Dunia, 74 wakafa. Mashabiki tu. Mimi nilikuwa natazama mechi hiyo hiyo huku, kwa kibanda kama hicho chako cha Kirumba.

Chai Rangi

Odhis umenikalisha. Hiyo ya dirisha sikuijua.

Binti Mwaloni

Kaka Kalamu, nimesoma uzi wote na nina ugomvi na wewe na hao Wamarekani wako.

Kwa nini lazima mwanamke afe ndipo mwanaume apate kazi? Mchumba anavishwa pete ukurasa wa pili, wa tatu marehemu. Hata hatujui alikuwa anapenda kula nini. Wewe ukamwona mchumba kazidi, ukamtoa, ukaleta mama. Naye umemuua. Sasa mama huyo alikwenda Bukoba kufanya nini? Alikuwa anauza nini? Hujasema. Kwako ni tiketi ya mtoto wa kiume kuingia kwenye ukachero.

Mimi nauza dagaa soko la samaki la Mwaloni tangu nimemaliza kidato cha nne, na nakwambia kachero wako hawezi kufika pale akajua kitu. Mwanaume mgeni akisimama Mwaloni dakika kumi, kila mtu anajua ni polisi, ni TRA, au ni mume wa mtu. Ila sisi? Mama mwenye ndoo anapita popote. Anakaa juu ya magunia saa sita, hakuna anayemwona. Najua boti ipi imerudi nyepesi. Najua nani ananunua mabondo ya sangara, vile vifuko vya hewa vya tumboni, kwa fedha taslimu bila kubishana bei, na asiyebishana bei kwenye mabondo huyo ana jambo lake, maana mzigo ule unakwenda Uchina na una pesa kuliko samaki mwenyewe. Najua nani anadaiwa, na anayedaiwa akianza ghafla kulipa watu wote siku moja, mimi ndiye wa kwanza kujua, kabla ya benki na kabla ya Serikali.

Mgeuze awe binti. Tena asiwe wa mateke. Awe na daftari la madeni.

Msomaji Sugu

Dada, nakupigia makofi peke yangu chumbani. Na uko karibu na ukweli kuliko unavyodhani: Mohamed Odeh, mmoja wa waliofungwa maisha kwa bomu la Nairobi, alikuwa akiendesha biashara ya samaki pwani ya Kenya, Mombasa. Boti, mzigo, fedha taslimu, watu wa kwenda na kurudi. Mchuuzi mwenzake ndiye angemjua kabla ya shushushu yeyote.

Kalamu ya Kitangiri

Binti Mwaloni, nilikuwa nimejiandaa kukubishia. Nimetembea mpaka dukani kununua mkate nikiwa nakubishia kichwani, nikarudi sina hoja. Ila nauliza: riwaya ya ujasusi bila mateke, nani ataisoma?

Binti Mwaloni

Mateke yapo. Njoo Mwaloni boti moja ya sangara iingie na wanunuzi wawe kumi.

Karabai

Mimi mvuvi, niko kambini Ukerewe, mtandao unakuja na kuondoka kama mke wa pili. Kalamu, ulitupia sura ya tano kwenye ule uzi wako wa mwaka jana. Umeandika kachero anamfukuza gaidi ziwani usiku, mbalamwezi inang'aa, huku taa za wavuvi wa dagaa zimejaa kama mji. Mkuu, hiyo haipo. Dagaa huvuliwa giza. Mwezi ukiwa mkubwa taa haivuti kitu, tunalala, tunashona nyavu, tunagombana na wake zetu. Chagua kimoja, mwezi au taa.

Ukichagua giza, una hadithi nzuri zaidi. Taa mamia juu ya maji, zote zinafanana, siku hizi nyingi za sola, karabai zinakwisha na mimi nimebaki na jina tu. Mtu anayetoroka kwenda upande wa Uganda hana haja ya kuzima taa. Akizima, ndiye anayeonekana: boti isiyo na taa usiku wa dagaa ni ya mwizi wa mashine, na sisi wote tutamgeukia. Anachofanya ni kuwasha. Anawasha taa yake na kutulia katikati yetu kama anavua. Kachero wako atampata vipi? Kwa kutazama nani havuti wavu.

Na kuhusu kisasi, sisi huku tunakijua. Ukiibiwa mashine ya boti unakuwa umeibiwa miaka mitatu ya maisha. Nimeona mtu akikaa mwaloni miezi anasikiliza milio ya injini zinazopita, kwa sababu yake anaijua sauti. Hakwenda polisi wala hakupiga kelele. Alikuwa anasikiliza tu. Mzee Mstaafu anasema mwenye kisasi ana haraka. Kwa heshima mzee, wa ziwani hana.

Mstaafu wa Pasiansi

Huyo msikilizaji angekuja kwangu ningemwajiri.

Mama wa Igoma

Wanangu, mimi nakaa Igoma, si mbali na makaburi ya wale wa meli. Kila Mei tarehe 21 kunakuwa na ibada na viongozi wanakuja. Nataka kusema kuhusu kugonga. Aliyeandika hapo juu hakusema. Meli ilipopinduka haikuzama mara moja, tumbo lilibaki juu, na waliokuwa ndani walikuwa wanagonga bati. Watu nje wanawasikia. Walipotoboa tundu wawatoe, hewa ikatoka, ikazama. Yaani waliotoboa walikuwa wanataka kuokoa.

Sasa huyo mtoto wa kwenye kitabu, kama mama yake alikuwa ndani, atakuwa amesimuliwa hilo. Mtoto aliyesimuliwa hilo hawezi kusikia mvua ya mawe juu ya bati akalala. Na atamchukia nani? Fundi aliyetoboa? Alikuwa anasaidia. Mimi nilizika dada kule. Nilipoambiwa nijaze jina kwenye fomu, nililijaza. Wapo waliozikwa hawana wa kuwajazia.

Odhis wa Dunga

Pole sana mama.

Karabai

Pole mama. Mungu awapumzishe.

Chai Rangi

Pole mama. Na samahani kwa utani wa juu pale.

Mama wa Igoma

Utani hauna shida mwanangu. Endeleeni.

Kalamu ya Kitangiri

Nilikaa kimya siku mbili. Chaji ilikuwepo, akili ndiyo haikuwepo.

Mama wa Igoma, jina kwenye fomu ndilo lililonifungulia. Nilikuwa natafuta mtu wa kuuawa, kumbe jambo liko kwenye orodha. Daraja la tatu halikuandikwa. Kwenye riwaya yangu (hapa ni ubunifu, Chai Rangi usinikamate) nitampa yule Mmisri tiketi ya daraja la pili, chini ya jina la uongo. Kwa hiyo yeye ameandikwa. Jina lisilokuwa na mtu limo kwenye orodha, na mama wa watu, mwenye jina lake la ubatizo, la baba na la ukoo, hayumo. Binti atakapofungua lile faili miaka mingi baadaye, hilo ndilo litakalomuuma, kuliko hata kujua mtu mwenyewe alikuwa nani. Na kazi yake yote itakuwa majina: nani kaandikwa wapi, kwa jina gani, nani kalipa kwa niaba ya nani. Daftari la madeni, Binti Mwaloni. Kisasi chake ni kwamba hakuna mtu tena atakayepita mbele yake bila kuandikwa.

Mzee, upekuzi ukipita mtaani hautasikia neno hasira. Wataambiwa, "yule binti anapenda sana kuandika."

Natupia kipande, bado kibichi:

*Karani alikuwa na daftari moja refu lenye jalada la bluu, na foleni ilizunguka mpaka getini. Zamu yetu ilipofika mjomba alitaja jina la mama, yote matatu, polepole, kama anayeandikisha mtoto shule. Karani hakufungua daftari. Aliuliza, "Daraja la ngapi?"*

*Mjomba alinitazama. Mimi ndiye niliyejua, kwa sababu ni mimi niliyehesabu na mama hela usiku wa kuamkia safari, tukaweka za kwenda huku, za mzigo huku, na za kurudi kwenye kona ya kanga. Nilijua zile za kwenye kona zinatosha nini.*

*"La tatu," nikasema.*

*Karani akanyoosha mkono akatuonyesha upande wa pili, penye watu wengi kuliko foleni yetu. "Nyie subirini pale."*

*Tukaenda kusubiri pale. Hapakuwa na meza.*

Binti Mwaloni

Sasa tunaongea.

Msomaji Sugu

"Hapakuwa na meza." Acha hapo hapo, usiongeze hata nukta. Na tafadhali usije ukamwelezea msomaji kwenye sura ya nane kwamba hilo ndilo lililomfanya awe hivi. Hao wa filamu wanarudisha ile picha ya ufukweni kila jamaa akishika bastola. Aione mara moja, abaki nayo.

Mstaafu wa Pasiansi

Karani asiwe mbaya. Nimewahi kukaa kwenye meza kama ile, si ya meli, ajali nyingine. Mtu anauliza unachoweza kujibu kwa karatasi uliyo nayo. Mpe kikombe cha chai kilichopoa pembeni, hajakigusa tangu asubuhi.

Kalamu ya Kitangiri

Kikombe kimeingia, mzee.

Karabai

Mimi nina moja. Hela za mzigo umezitaja halafu mzigo wenyewe hatuuoni. Mtu anayetoka Bukoba harudi mikono mitupu. Weka ndizi.

Kalamu ya Kitangiri

Wabeja sana. Mikungu mingapi?

Karabai

Kwa daraja la tatu? Aliyoweza kuibeba mwenyewe. Miwili.

Mama wa Igoma

Mitatu. Mmoja wa jirani aliyemwachia mtoto.

Kalamu ya Kitangiri

Mitatu. Naingia jikoni, kesho natupia sura nzima.

Chai Rangi

Mkuu, ulisema kesho. Leo siku ya nne, kigoda kinaniumiza.